Man with a Movie Camera (1929): nimeinunua mara mbili

Kabla hujatoa hela yako kwa filamu hii bubu ya Kisovieti, angalia ukingo wa kushoto wa picha. Mimi sikuangalia, na imenigharimu.

DVD ya kwanza niliiagiza mtandaoni kwa kuvutwa na bei. Vichwa vya watu vimekatwa upande, na kinanda kinajirudia mpaka unatamani kuzima. Nikadhani ndivyo filamu bubu zilivyo. Kumbe nakala nyingi zilikatwa upande huo ili kupisha mstari wa sauti kwenye mkanda. Sauti, kwenye filamu isiyo na sauti! Nakala nzima ilisalimika Amsterdam, alikoiacha mwongozaji mwenyewe, Dziga Vertov, mwaka 1931, na ndiyo iliyokarabatiwa na jumba la filamu la EYE. Nikaagiza hiyo, ya Blu-ray.

Hapo ndipo nilipoiona filamu yenyewe. Dakika 68, bila hadithi wala msimulizi, na ukishapita utangulizi hakuna hata maandishi. Ni siku moja ya mji ulioungwaungwa kwa vipande vya Moscow, Kyiv na Odesa, miaka kumi na kitu baada ya mapinduzi ya Urusi. Wapo wanaoandikisha ndoa, kisha wengine wanakuja kuvunja zao, na mama mmoja anauziba uso wake kwa mkoba.

Halafu kuna farasi. Anakimbia, mara anaganda. Nyuso za watoto nazo zinaganda. Kisha unaziona picha hizo hizo zikiwa vipande vya mkanda mikononi mwa Yelizaveta Svilova, mke wa Vertov. Anakata, anaunga, na mtoto anaanza kucheka upya. Nimeirudisha mara nne. Mama yangu, aliyekuwa pembeni akichambua mchele, akasimamisha ungo: "Leo wametuingiza mpaka jikoni."

Mitambo imezidi. Kuna dakika kama kumi hivi nilikuwa nachungulia simu. Na wale watu wanaolala kwenye mabenchi mwanzoni? Tunapitishwa tu, kisha ni furaha za viwandani na ufukweni.

Muziki ni wa kikundi cha Alloy Orchestra, waliofuata maelekezo aliyoyaacha Vertov, nao unakimbia sawasawa na picha. Mara ya pili niliuzima kabisa, na kamera ilipotembea yenyewe kwa miguu yake mitatu ikainama kutoa heshima, wapwa zangu walipiga makofi.

Nyota nne. Ile ya kwanza nimeifanya kizibo cha mtungi.