Gochu japchae ya nyama ya ng'ombe: sosi ya soya au sosi ya utomvu wa mnazi?

Gochu japchae ni nyama iliyokatwa vipande vyembamba kama njiti, ikakaangwa harakaharaka na pilipili hoho za kijani na vitunguu kwenye karai lenye moto mkali. Ni chakula cha mikahawa ya Wachina wa Korea, jamii yenye asili ya Shandong iliyoanza kukaa Incheon baada ya bandari kufunguliwa mwaka 1883. Anayefuata mlo wa paleo, yaani ulaji unaoiga chakula cha watu wa kale kabla ya kilimo, hali nafaka wala jamii ya kunde, na sosi ya soya kwa kawaida ina vyote viwili: soya na ngano.

Kwa ladha, sosi ya soya inashinda, wala sifichi. Ukiimwaga pembeni mwa karai inachemka papo hapo na kutoa harufu ya kuungua kidogo inayoifanya nyama inukie.

Sosi ya mnazi hutokana na utomvu uleule ambao wagema wa pwani yetu hupatia tembo. Ni tamu zaidi na haina chumvi nyingi. Kwa hiyo acha sukari, ongeza chumvi kidogo, na itie mwishoni nyama ikishabadilika rangi, maana utamu wake huungua upesi. Bei yake iko juu. Ila ukiipaka nyama wanga wa muhogo kabla ya kukaanga, sosi inaishika vizuri na hoho zinabaki na ladha yake.

Mikate ya mvuke inayoandaliwa pembeni, kkotppang, ni ya ngano. Wa paleo aiache. Huyo namshauri achukue sosi ya mnazi. Asiye na masharti abaki na ya soya.