Visanduku 9 vya D&D au fadhila 8 za Ultima IV, kipi kinapima wema vizuri?

Haya tuanze na Dungeons & Dragons, ule mchezo wa mezani wa kuigiza wahusika, maana ndo wengi wanaijua. Ilipotoka 1974 mhusika alikuwa na pande tatu tu za kuchagua, Sheria, Vurugu na katikati, wema na ubaya havikuwa na mstari wao, miaka michache baadaye ndo ukaongezwa tukapata vile visanduku 9 (pande tatu mara wema, katikati na ubaya). Rahisi mno, unachagua kimoja unakiandika kwenye karatasi ya mhusika wako, basi umeshakuwa mtu mwema kabla hata hujamsaidia mtu! Ugomvi wa mezani unaanzia hapohapo, mwenzio kaiba halafu anakwambia "mhusika wangu ndo alivyo", unabaki kumkodolea macho tu.

Ultima IV (gemu ya kompyuta ya 1985, ya Richard Garriott) yenyewe inakuhesabia zile fadhila 8 kimyakimya. Kuna muuza dawa za uchawi kipofu, hela unamhesabia mwenyewe, ukimpunja hasemi kitu ila uaminifu wako unashuka. Ukimpa ombaomba chochote huruma inapanda, ukikimbia pigano ushujaa unapungua, na namba huzioni kabisa mpaka uende kwa mwonaji Hawkwind kasrini akudokeze umefika wapi. Hapo kwa kipofu mi ndo waliponiweza aisee. Ila ukishajua ujanja unagawa hela kama njugu ili upandishe pointi, sasa hiyo ni huruma gani?

Ukicheza peke yako chukua Ultima. Mezani na washkaji visanduku tu, nani akae kuhesabu pointi za watu watano saa sita usiku.