Ziara ya Asili ya Binadamu Makumbusho ya Taifa: Huduma Nzuri Inayostahili Muda Zaidi

Kampuni moja ndogo ya kuongoza wageni hapa Dar es Salaam huwapeleka wazazi na watoto Makumbusho ya Taifa, Mtaa wa Shaaban Robert, kwa ziara ya asubuhi inayohusu asili ya binadamu, nami nilijiunga nayo pamoja na watoto wa dada yangu.

Kilichonivutia kuliko vyote ni maelezo ya fuvu la Zinjanthropus, kiumbe wa kale wa ukoo wa binadamu, ambalo mtafiti Mary Leakey aliligundua katika Bonde la Olduvai, kaskazini mwa Tanzania, tarehe 17 Julai 1959. Mwongozaji hakukimbilia kutaja umri wake wa takribani miaka milioni 1.75, aliwaelekeza watoto kwanza watazame magego mapana, kisha kigongo cha mfupa kinachopita katikati ya utosi, akaeleza kuwa hapo ndipo ilipojishikiza misuli mikubwa ya kutafunia. Ndipo akaeleza umri ulivyopatikana, yaani kwa kupima potasiamu iliyomo katika majivu ya volkano yaliyopatikana penye fuvu; sehemu ya potasiamu hiyo hugeuka polepole kuwa gesi ya arigoni kwa kasi inayojulikana. Alisahihisha pia dhana iliyoenea mitaani kwamba sayansi inatuhesabu kuwa wazao wa nyani wa mbugani: inachosema ni kuwa sisi na sokwe tulikuwa na wahenga wamoja mamilioni ya miaka iliyopita, na Zinjanthropus mwenyewe ni tawi la kando lililotoweka.

Mtoto mmoja aliuliza, "Mwalimu, Nabii Adamu alikuja kabla ya huyu au baada yake?" Alijibiwa kwa upole kwamba Kurani na kitabu cha Mwanzo vinamzungumzia mtu aliyeumbwa kwa udongo na Muumba wake, na kwamba fuvu halina uwezo wa kuthibitisha wala kukanusha habari hiyo. Jibu hilo lina heshima, lakini naliona halijakamilika, kwa sababu linawafanya waumini waonekane kuwa na msimamo mmoja. Papa Pius XII aliruhusu mwaka 1950 utafiti juu ya chimbuko la mwili wa binadamu, akisisitiza kwamba roho huumbwa na Mungu moja kwa moja. Wapo pia wanazuoni wa Kiislamu wanaokubali mabadiliko ya viumbe wengine lakini wanaoamini kuwa Adamu aliumbwa moja kwa moja, na wapo wanaoyakataa kabisa. Watoto wa darasa la sita wana uwezo wa kuyaelewa haya, na ni haki yao kuyasikia.

Nyayo za kale za Laetoli, pia kaskazini mwa Tanzania, zenye umri wa miaka milioni 3.6 hivi na zinazoonyesha viumbe waliotembea wima kwa miguu miwili, zilipitiwa harakaharaka kwa sababu muda ulikuwa umekwisha, jambo lililonisikitisha sana.

Hata hivyo, nawashauri wazazi na walimu wa madrasa na wa shule za Jumapili waitumie huduma hii, ila waombe mapema waongezewe saa moja.