TAHADHARI: Anatafuta mbia mpya ili ambebeshe madeni (Unguja na Pemba)

Assalaam alaykum ndugu zangu. Wauzaji wa vifaa vya ujenzi, na hasa vijana wenye mtaji mdogo mnaotafuta pa kuanzia, kaeni macho. Kuna bwana mmoja hapa Unguja anazunguka akitafuta mbia. Jina simtaji, shauri liko kwa mawakili, lakini mtindo wake nautaja wote. Alikuwa Mwanakwerekwe, akahamia Fuoni, na sasa tunasikia yuko Chake Chake anazungumza na watu.

Ana duka lililosimama: mabati, nondo, saruji, rangi. Mpole, mwingi wa salamu, msikitini safu ya mbele. Anachotaka kwako ni fedha kidogo na jina lako liingie kwenye usajili wa biashara kule BPRA, wakala wa usajili wa biashara na mali Zanzibar. Mzigo anauchukua mali kauli kwa wauzaji wa jumla wa Kariakoo. Deni likishanenepa, anaanza visa dukani mpaka uchoke, uombe kutoka mwenyewe.

Shemeji yangu alitoka hivyo. Waliandikiana karatasi mbele ya sheha, na mashahidi, kwamba madeni yote atalipa anayebaki. Baadaye simu ikaingia kutoka kwa muuzaji wa jumla Dar: lipa. Hati za kupokea mzigo nimezishika kwa mkono wangu. Kuna za kabla hajatoka na za baada, zote zina muhuri ule ule wa mviringo wenye majina yao wawili. Za baada zimetiwa sahihi na kijana wa dukani.

Shemeji akatoa karatasi yake. Muuzaji akaisoma, akamrudishia: "Hii mmeandikiana nyinyi, mimi sikuwepo."

Inauma, lakini hapo hana kosa. Kwenye ubia, tofauti na kampuni ya hisa, deni lililoingia kwa shughuli za duka ukiwa mbia ni lako, na unaweza kudaiwa lote, si nusu. Mdai humwendea mwenye cha kushikika: nyumba, shamba, gari. Kutoka hakukufutii deni hilo mpaka mdai mwenyewe akubali kukuachilia. Karatasi ya sheha inakusaidia kumdai mwenzio baada ya wewe kulipa, basi. Sheha alishuhudia sahihi, hakusamehe deni la mtu.

Deni la baada ya kutoka ndilo linalowashangaza wengi. Muuzaji aliyekujua kama mbia, na hakuna aliyemwambia umetoka, anaweza kukufuata nalo pia. Yeye alitoa mzigo kwa kuamini majina mawili. Kwa hiyo anayetoka amwandikie kila mdai barua, arudishiwe nakala yenye sahihi na tarehe ya kupokelewa. Atangaze hadharani, aondoe jina lake BPRA na sahihi yake benki, na muhuri wa zamani uvunjwe mbele yake. Huyu bwana muhuri haachii, atakwambia umepotea.

Sasa nyinyi anaowatafuta. Mbia mpya kwa kawaida habebi madeni ya kabla hajaingia. Bwana huyu analijua hilo vizuri, wallahi kuliko mawakili wengine! Ndiyo maana mkataba wake una ukurasa wa mwisho, herufi ndogo, unaosema wabia wote "wamekubali kubeba madeni yaliyopo na yajayo". Atakuharakisha utie sahihi huku chai inapoa, eti boti inamsubiri. Ukiomba daftari la wadai atakwambia liko kwa mhasibu. Omba namba za wauzaji wake wa Kariakoo uwapigie mwenyewe, uone kama atakupa.

Aliyekwisha tia sahihi asimfuate dukani kugombana. Apige picha kila ukurasa wa mkataba na kila hati ya mzigo, aende kwa wakili kabla mzigo mwingine haujashushwa bandarini kwa jina lake.