Silabusi ya Uchumi wa Kisiasa wa Kimataifa, kutoka duka la fotokopi njia ya Kasapa

Silabusi hii, yaani kitabu cha mihadhara ya somo zima, niliinunua mwezi uliopita katika duka dogo la fotokopi kwenye njia ya Kasapa, hapa Lubumbashi, kwa faranga 12.000. Ina kurasa 96, jalada la plastiki na waya wa mgongoni, na imeandikwa na mwalimu mmoja wa sayansi ya siasa kwa ajili ya wanafunzi wake, kwa Kifaransa chepesi chenye istilahi zilizofafanuliwa kwa Kiswahili pembeni. Mimi nimekwisha kutoka chuoni miaka mingi. Ninashughulikia hati za forodha za malori yanayovuka Kasumbalesa, mpaka wetu na Zambia. Nilipoifungua katikati nikakuta maisha ya kikazi ya Susan Strange, mmoja wa waanzilishi wa somo hili linalounganisha siasa na uchumi wa dunia, yamesimuliwa kwa kurasa zaidi ya ishirini, nikalipa papo hapo.

Silabusi tulizosomea sisi zilianza na fasili, ambazo tulizikariri, tukazitapika siku ya mtihani na kuzisahau. Hii inaanza na mtu. Strange alizaliwa Uingereza mwaka 1923, akahitimu masomo ya uchumi katika London School of Economics mwaka 1943, vita ikiwa bado inaendelea, kisha akaingia katika uandishi wa habari, kwanza katika jarida la The Economist na baadaye gazeti la The Observer, akaripoti kutoka Washington na New York. Mwaka 1949 alianza kufundisha University College London, na katika miaka hiyo ya kazi alilea watoto sita. Miaka ya 1960 alihamia Chatham House, taasisi ya utafiti wa mambo ya kimataifa jijini London, kufanya utafiti kuhusu pauni ya Uingereza. Mwaka 1978 akawa profesa wa London School of Economics, halafu akafundisha Florence, Italia, na mwisho Chuo Kikuu cha Warwick, Uingereza, hadi alipofariki mwaka 1998.

Ninachompongezea mwalimu huyu ni kwamba anamwonyesha msomaji jinsi jicho la ripota lilivyobaki ndani ya profesa. Mwaka 1970 Strange aliandika makala akiwalaumu wanauchumi na wataalamu wa uhusiano wa kimataifa kwa kupuuzana, kila kundi likilima shamba lake bila kutazama la jirani, na Agosti ya mwaka uliofuata Marekani ikaacha kubadilisha dola kwa dhahabu, jambo ambalo hakuna hata kundi moja kati ya hayo mawili lingeweza kulieleza peke yake. Mpangilio huo wa matukio umeandikwa vizuri sana, na mwanafunzi anaelewa bila kuhubiriwa kwa nini somo hili lilihitajika.

Sehemu iliyo bora kabisa ni ile ya nguvu ya kimuundo. Strange alitofautisha nguvu ya kumlazimisha mwenzako afanye jambo na nguvu ya kuweka utaratibu ambao kila mtu atalazimika kufanyia kazi ndani yake. Hiyo ya pili aliiona katika miundo minne, yaani usalama, uzalishaji, fedha na maarifa. Nilisoma ukurasa huo ofisini, mezani mwangu kukiwa na hati za lori la katodi, yaani mabamba ya shaba iliyosafishwa, linaloelekea Dar es Salaam. Shaba ilichimbwa kwetu na kusafishwa kwetu, lakini bei ya kurejelewa katika mkataba ilikuwa ya soko la metali la London, na malipo yalikuwa kwa dola. Hapakuwa na mtu aliyemshurutisha yeyote. Kwa miaka kumi na minne nimepiga mihuri hati kama hizo bila kuwa na jina la jambo hilo.

Hapo hapo ndipo udhaifu wa silabusi unapoonekana, na unaniuma kwa sababu kitabu kinauzwa Lubumbashi. Anguko la bei ya shaba la mwaka 1974, lililoikuta Zaire, kama nchi yetu ilivyoitwa wakati huo, imekopa kwa kutegemea mapato ya Gécamines, kampuni ya madini ya serikali, na safari ya mwaka 1976 kwenye Klabu ya Paris, kundi la nchi zinazodai madeni, kuomba madeni yapangwe upya, vimepewa mistari miwili tu, ilhali mfano wa kasino, ambao Strange aliutumia mwaka 1986 kueleza masoko ya fedha, umepata kurasa sita. Kwa mwanafunzi ambaye babu yake alikuwa mfanyakazi wa Gécamines, mistari miwili haitoshi hata kidogo.

Uchapaji ni wa wastani. Michoro ya miundo minne imefifia kiasi kwamba mishale haionekani, na nakala yangu haikuwa na kurasa 57 hadi 60. Niliporudi, papa mwenye duka alisema, "Pole, mwanangu, keti kidogo," akazichapa upya, akaufungua waya na kuzipachika mahali pake bila kudai faranga hata moja. Hata hivyo, hesabu kurasa kabla ya kulipa.

Anayefikiria kazi ya ualimu katika fani hii ainunue, na anayetaka maswali ya mtihani pekee ataona kurasa za maisha ya Strange ni nyingi mno. Papa ameniambia toleo jipya litachapwa mwaka wa masomo utakapoanza. Nimemwachia kurasa tatu nilizoandika kwa mkono kuhusu miaka ya 1974 hadi 1976, naye ameahidi kumfikishia mwalimu aliyeiandika silabusi.