Wakili wa kesi ya malezi, Temeke: nyota nne

Nampa nyota nne wakili mama aliyenisimamia kwenye kesi ya malezi ya binti yetu pale Kituo Jumuishi Temeke, mahakama ya mambo ya familia. Jina silitaji kwa kuwa kesi ni ya mtoto.

Mimi na mwenzangu hatukujaliwa kuzaa. Binti tulimuasili akiwa mchanga, kwa amri ya Mahakama Kuu yenye majina yetu sote wawili. Ndoa ilipovunjika, mwenzangu alihamia Morogoro kikazi, mtoto akabaki na mimi Mbagala. Baadaye ndipo akamdai.

Wakili wa kwanza niliyemwendea aliniambia, "Hiyo tunashinda asubuhi tu," akataka hela yote papo hapo. Nikaaga. Huyu mama yeye alianza kwa kunitisha: binti ana miaka 6, na Sheria ya Ndoa ya 1971, kifungu cha 125, inachukulia kuwa mtoto wa chini ya miaka 7 ni heri akae na mama yake. Halafu akanisomea kinachofuata palepale, kwamba mahakama itazame pia ubaya wa kumhamishahamisha mtoto. "Kesi yako iko hapa," akapagonga kwa kalamu.

Kaka zangu nao walijileta ofisini, wakitaka aandike kuwa mtalaka wangu "hata hakumzaa". Akawatazama juu ya miwani. "Na huyu kaka yenu alimzaa?" Wakanywea. Akawafafanulia kwamba kwa Sheria ya Mtoto ya 2009, aliyeasiliwa ni mtoto wa wote wawili kama aliyezaliwa ndani ya ndoa. Anayeleta habari za damu anajikaanga mwenyewe. Kwa hilo tu hela yangu ilirudi.

Alichokitaka kwangu ni makaratasi: kadi ya kliniki, ripoti za shule, risiti za ada. Afisa ustawi wa jamii alipokuja nyumbani alikwenda moja kwa moja chumbani kwa mtoto, akauliza shuka anafua nani, kisha akakaa naye mkekani uani, mimi nikaambiwa, "Baba, tupishe kidogo." Ripoti yake ilikuwa na uzito kuliko yote niliyoyasema kizimbani.

Mtoto amebaki kwangu, likizo anakwenda kwa mama yake, na jioni wanaongea kwa simu. La simu wakili alinibana nikubali mwenyewe kabla hatujaamriwa.

Sasa nyota iliyopungua. Huyu mama simu hapokei! Anapokea karani wake, na jibu ni lilelile, "Yuko mahakamani, bosi," hata Jumamosi saa 12 jioni. Tena kopi, nauli na ada za kufungua maombi havimo kwenye bei mnayokubaliana, vinaibuka kimojakimoja katikati ya kesi. Ukienda kwake, mwambie aviandike kwenye mkataba kabla hujatoa hata shilingi.