TAHADHARI: kuna jamaa anauza "maanoni" hapa Kampala, msimpe hata mia

Jamani naandika haraka haraka hapa kibandani, kuna wateja wawili wananisubiri, mkiona makosa mnisamehe. Kuna jamaa anapita nyumba kwa nyumba na kimashine cheusi, ukubwa wa redio ndogo, kina mshale kama wa mizani, anasema kinapima maanoni na kinaongeza maanoni. Maanoni ni nini sasa? Eti kila neno lina vipunje vya nishati ndani yake, hivyo vipunje ndio maana yenyewe, na mtoto asiyeelewa darasani ni vipunje vimemwishia kichwani, sasa yeye anakuja kumjazia kama vile unajaza eataimu. Dada yangu amelipa 280,000 kwa mobail mani na kila mwezi alikuwa aongeze 20,000 ya "kuchaji". Mtoto yuko P7 (darasa la saba), Kiswahili kinamsumbua, na tangu ile Julai 2022 serikali iseme Kiswahili kiwe somo la lazima msingi na sekondari wazazi wengi hapa wana presha, wenyewe hawakijui watamfundisha nani. Huyo jamaa anaijua hiyo presha vizuri sana.

Na msimcheke dada yangu, mtu mwenyewe anaongea. Anakuambia mwanafizikia Max Planck mwaka 1900 alionyesha nishati inakwenda kwa vifurushi, na hiyo ni kweli. Anakuambia mwanahisabati Claude Shannon mwaka 1948 alionyesha habari inapimwa kwa biti (zile sifuri na moja za kompyuta), na hiyo pia kweli kabisa. Halafu hapo hapo, bila kuvuta pumzi, anaruka: kwa hiyo maana nayo ni vifurushi, kwa hiyo lipia. Kumbe Shannon mwenyewe kwenye maandishi yake hayo hayo ya 1948 alisema wazi kwamba maana ya ujumbe haihusiki na kazi yake, yeye alikuwa anahesabu alama tu. Mimi ni fundi simu, hii kitu naiona kila siku. Andika "nakupenda" kwenye faili tupu, baiti 9 (herufi moja, baiti moja). Andika takataka ya herufi tisa, baiti 9. Memori kadi haijui kama unapendwa.

Jumapili nikaenda kwa dada nikamkuta huyo jamaa amerudi kuchukua hela ya kuchaji. Nikajifanya mjinga, nikasema mzee hebu nionyeshe na mimi. Akaandika "mama" kwenye karatasi, akaweka kimashine juu, mshale ukapanda mpaka karibu na mwisho. Akaandika "tabaruzi", mshale kimya, akasema unaona, hili halina maana. Nikachukua kalamu nikaandika "yi". Akaweka kimashine, mshale kimya. Akanicheka, hizo ni herufi mbili tu kaka. Nikamwambia mzee, kwetu Arua hilo ni maji, Kilugbara hicho, hebu rudia. Akarudia. Mshale ukapanda!! Karatasi ile ile, wino ule ule, kilichobadilika ni yeye kuambiwa.

Nikamwangalia kidole gumba. Kila mshale ukipanda kinabonyea kidogo pale ubavuni. Nikamwambia naomba nikishike mwenyewe, akakataa, akasema nguvu zangu ni za kiume zitachoma kifaa (mimi nashika betri za simu zilizovimba kutwa nzima sijachoma kitu). Dada akaanza kuuliza hela yake kwa sauti, majirani wakasogea, jamaa akaaga kwamba bodaboda inamsubiri, akaondoka, kimashine akakiacha mezani.

Nimekifungua. Ndani kuna betri moja ya volti 9, mita ndogo ya mshale, rezista, na swichi ya kubonyeza imefichwa chini ya stika. Basi. Hakuna kihisio hata kimoja, hakuna kitu cha kusoma karatasi wala kichwa cha mtoto. Na hata angekuwa na nia njema, nishati ya habari haipimiki hivi: mwanafizikia Rolf Landauer mwaka 1961 alionyesha kufuta biti moja lazima kutoe joto fulani, lakini hilo joto ni dogo mno, mshale kama huu hauwezi kulisikia milele, na ni lile lile kwa neno tamu na kwa upuuzi.

Namba yake ya simu haipatikani tangu siku ile, najua atakuwa na nyingine. Anapenda sana kuja mchana mama akiwa peke yake na mtoto ametoka shule. Akija kwako andika neno la kwenu ambalo yeye halijui, halafu tazama kidole chake, si mshale. Na kama umeshatuma hela, usifute ile meseji ya malipo, pigia mtandao wako saa hiyo hiyo kabla hajaitoa, halafu nenda polisi na hiyo meseji. Dada alichelewa siku nne, hela imeshatolewa.

Kimashine kiko hapa kwangu, kiko wazi, anayetaka kukiona aje. Betri tu ndio haimo, nimeiweka kwenye mita yangu ya kazi, ya kupimia umeme, yangu ilikuwa imekufa.